FAHAMU NGUVU ZA DINOSARIA MKUBWA MLA NYAMA, NA SABABU YA KUVILINDA VISUKUKU VYA SONGWE

Na Mwandishi Wetu, Chapwa – Songwe

Mkazi wa Kata ya Chapwa, katika Halmashauri ya Mji wa Tunduma, anayesafiri kwenda Galula katika Wilaya ya Songwe huziacha nyanda za juu na kuteremka hadi katika Bonde la Ufa la Rukwa. Huko chini, kwenye kingo za mito inayokauka kiangazi, kuna mawe ya mchanga yenye rangi nyekundu. Ndani ya mawe hayo imo mifupa iliyogeuka kuwa mawe, yaani visukuku, ya wanyama walioishi takriban miaka milioni 100 iliyopita. Miongoni mwao wamo dinosaria.

Mkoa wa Songwe unajulikana zaidi kwa Kimondo cha Mbozi, chenye uzito wa takriban tani 16, ambacho wanafunzi na watalii hufika kukitazama Ndolezi. Hazina ya visukuku vya mkoa huu haijafahamika kwa kiwango hicho, ingawa majina ya mkoa na mito yake yamekwisha kuingia katika vitabu vya sayansi duniani kote. Makala haya yanaeleza jambo moja ambalo wananchi wengi, hususan vijana wa shule, hupenda kuliuliza: dinosaria mkubwa mla nyama alikuwa na nguvu kiasi gani, na wataalamu wamezijuaje nguvu hizo ilhali hakuna binadamu aliyepata kumwona akiwa hai? Jibu la swali hilo ndilo linaloonesha kwa nini kipande cha mfupa kinachookotwa bondeni hakipaswi kuvunjwa, kuhamishwa wala kuuzwa.

Dinosaria mla nyama ni mnyama wa namna gani?

Dinosaria walitawala nchi kavu kwa zaidi ya miaka milioni 150, hadi walipotoweka takriban miaka milioni 66 iliyopita, isipokuwa ukoo mmoja uliosalia ambao leo tunauita ndege. Wengi wao walikuwa wala majani. Wala nyama karibu wote walitoka katika kundi moja la wanyama waliotembea kwa miguu miwili ya nyuma, wenye vidole vya miguu vinavyofanana na vya kuku, mifupa yenye uwazi ndani, na mkia mrefu ulionyooka nyuma ya mwili.

Ukubwa wao ulitofautiana mno. Wapo waliolingana na kuku, na wapo waliofikia urefu wa mita 12 na uzito wa tani nane au zaidi. Mkubwa anayefahamika kuliko wote ni Tyrannosaurus rex wa Amerika Kaskazini. Afrika nayo ilikuwa na wake. Carcharodontosaurus wa Afrika Kaskazini alikuwa na fuvu lenye urefu wa takriban mita 1.6, yaani karibu kimo cha mtu mzima. Jina lake lina maana ya mjusi mwenye meno ya papa, kwa sababu meno yake yalikuwa bapa, makali, na yenye kingo za msumeno.

Ukoo huo wa wenye meno ya papa una mwakilishi wa kale sana hapa nchini.

Mwindaji wa Tendaguru

Kilima cha Tendaguru kipo Mkoa wa Lindi. Mwaka 1906 mhandisi wa madini, Bernhard Wilhelm Sattler, aliiona mifupa mikubwa ikichomoza ardhini, na mwaka 1907 mtaalamu Eberhard Fraas alifika kuichunguza. Kati ya mwaka 1909 na 1913, wakati wa ukoloni wa Kijerumani, msafara wa kisayansi kutoka Berlin ulichimba hapo mifupa yenye uzito wa zaidi ya tani 200. Mifupa hiyo ilibebwa na wapagazi kwa miguu hadi bandari ya Lindi, ikasafirishwa kwa meli. Mamia ya Watanganyika ndio waliochimba, kufunga na kubeba mizigo hiyo, wakiongozwa na msimamizi mkuu wao, Boheti bin Amrani. Mwaka 2007 dinosaria mmoja wa Tendaguru alipewa jina la Australodocus bohetii kwa heshima yake.

Umaarufu wa Tendaguru umetokana na wala majani wakubwa, hasa Giraffatitan, ambaye kiunzi chake kinasimama katika jumba la makumbusho mjini Berlin kikiwa na kimo cha zaidi ya mita 13. Lakini palipo na mawindo pana mwindaji. Katika mifupa hiyohiyo zilikuwamo pingili chache za mkia wa mla nyama mkubwa. Pingili hizo zilikaa kwenye kabati za makumbusho kwa takriban karne nzima, hadi mwaka 2011 mtaalamu Oliver Rauhut alipozichunguza upya na kubaini kuwa ni za aina ambayo haijawahi kupewa jina. Aliiita Veterupristisaurus milneri. Sehemu ya kwanza ya jina hilo ina maana ya mjusi papa wa kale. Mnyama huyo aliishi takriban miaka milioni 150 iliyopita na ni miongoni mwa wakongwe kabisa wa ukoo wa wenye meno ya papa waliokwisha kujulikana duniani.

Urefu wake unakadiriwa kuwa kati ya mita 8.5 na 10. Kwa kulinganisha, alikuwa mrefu kuliko basi dogo aina ya Coaster, na mfupi kidogo kuliko basi kubwa la abiria linalopita Tunduma kuelekea Dar es Salaam. Mnyama huyo anafahamika kwa pingili za mkia pekee, bila fuvu, bila miguu na bila jino ambalo wataalamu wamekubaliana kuwa ni lake. Inafaa basi kueleza jinsi pingili chache za mkia zinavyoweza kuzungumza.

Mkia: chanzo cha nguvu za miguu

Wengi hudhani mkia wa dinosaria ulikuwa wa kujipigia tu. Kwa mla nyama aliyetembea kwa miguu miwili, mkia ulifanya kazi mbili zilizobeba uhai wake.

Kazi ya kwanza ilikuwa mizani. Mwili wake ulilala kama mti uliowekwa juu ya egemeo: kichwa na kifua upande mmoja, mkia upande wa pili, na nyonga katikati. Mkia ungekuwa mwepesi au mfupi, mnyama angeangukia mbele. Kwa sababu hiyo michoro ya zamani inayomwonesha amesimama wima kama binadamu, mkia ukiburuta chini, imeachwa na wataalamu.

Kazi ya pili ilikuwa kuvuta miguu. Msuli mkubwa uliotoka kwenye pingili za mkia ulishikamana na mfupa wa paja. Msuli huo ulipojikunja, paja lilivutwa nyuma kwa nguvu na mwili ukasukumwa mbele. Mamba na mijusi wa leo wanao msuli wa aina hiyo. Alama za mahali msuli uliposhika hubaki kwenye mifupa. Mtaalamu anayepima upana wa pingili, urefu wa miiba yake na makovu yaliyomo kwenye paja anaweza kukadiria unene wa msuli, na kutokana na unene huo akakadiria nguvu zake. Mfupa wa mkia kwa hiyo ni kumbukumbu ya mwendo wa mnyama mzima.

Mbio zake

Filamu humwonesha dinosaria mkubwa akilifukuza gari. Hesabu za kisayansi zinatoa picha tofauti. Mwaka 2002 watafiti wawili, John Hutchinson na Mariano Garcia, walikokotoa misuli ambayo Tyrannosaurus angehitaji ili akimbie kwa kasi kubwa. Walikuta kwamba misuli ya miguu ingelazimika kuwa zaidi ya asilimia 80 ya uzito wa mwili wake wote, jambo lisilowezekana. Walitumia pia mfano wa kuku: kuku akikuzwa hadi afikie uzito wa Tyrannosaurus, hawezi kukimbia kabisa. Sababu ni kwamba uzito wa mnyama huongezeka haraka kuliko nguvu za misuli yake kadiri anavyokua. Makadirio yao ya kasi yake yalikuwa kati ya takriban kilomita 18 na 40 kwa saa, na tafiti za baadaye zimeelekea zaidi upande wa chini.

Kasi hiyo si ndogo. Mtu wa kawaida hawezi kukimbia kilomita 20 kwa saa kwa muda mrefu. Tena mawindo yake nayo yalikuwa mazito. Mwindaji hahitaji kuwa na mbio kuliko wanyama wote; humtosha kuwa na mbio kuliko anachokiwinda.

Wepesi ulikuwapo kwa walio wadogo. Tendaguru ilimtoa Elaphrosaurus bambergi, aliyepewa jina mwaka 1920, mwenye urefu wa takriban mita sita, shingo nyembamba na miguu mirefu iliyo myepesi. Viungo hivyo vinaonesha mnyama wa mbio. Elaphrosaurus na mwindaji papa waliishi katika nchi moja, kila mmoja akiwa na uwezo wake, kama ilivyo kwa duma na simba katika mbuga za leo.

Mataya: kuponda na kukata

Nguvu inayovutia zaidi ni ya kung'ata. Wataalamu huipima kwa kutengeneza nakala ya fuvu katika kompyuta, kuweka misuli mahali ambapo makovu ya mifupa yanaonesha iliposhika, na kulinganisha matokeo na wanyama walio hai kama mamba na ndege.

Kwa Tyrannosaurus, tafiti kadhaa zimetoa makadirio yanayofikia takriban niutoni 35,000, na utafiti wa mwaka 2012 ulikadiria hata zaidi ya hapo. Niutoni 35,000 ni sawa na uzito wa takriban tani tatu na nusu. Mtu anayeijua mizani ya magari barabarani anaweza kuwaza shehena ya uzito huo ikikandamizwa kwenye ncha za meno machache. Kati ya wanyama walio hai, mamba wa maji chumvi ndiye aliyepimwa na kukutwa na mng'ato mkubwa kuliko wote, wa zaidi ya niutoni 16,000.

Makadirio hayo yana ushahidi wa kushikika. Mwaka 1998 wanasayansi walitangaza kinyesi kilichogeuka kuwa jiwe, chenye urefu wa sentimita 44, kilichopatikana Saskatchewan nchini Kanada. Ndani yake kulikuwa na vipande vingi vya mfupa uliopondwa wa dinosaria mchanga. Mwaka 2013 ilielezwa pia pingili ya mkia wa mla majani mmoja huko Marekani iliyokuwa na ncha ya jino la Tyrannosaurus ndani yake, na mfupa ukiwa umeota na kupona kulizunguka jino hilo. Mla majani yule aling'atwa akiwa hai, akaponyoka, akaendelea kuishi. Kwa ushahidi huo imejulikana kwamba Tyrannosaurus hakuwa mla mizoga peke yake, aliwinda.

Ukoo wa wenye meno ya papa, ambao mwindaji wa Tendaguru ni wake, ulitumia njia nyingine. Mataya yao yalikuwa membamba na mng'ato wao haukuwa wa kuponda mifupa. Silaha yao ilikuwa ukali. Jino bapa lenye msumeno kwenye kingo zake hupenya nyama na kuichana kama kisu cha buchani, na jeraha lake huvuja damu nyingi. Kwa mwindaji aliyekabiliana na mla majani wa makumi ya tani, kumkata na kumdhoofisha kulikuwa na manufaa kuliko kujaribu kumvunja mifupa. Jino likivunjika, jingine liliota mahali pake, kama ilivyo kwa mamba, ndiyo maana meno ni miongoni mwa visukuku vya wala nyama vinavyopatikana mara kwa mara. Tendaguru ilitoa pia meno makubwa ya mla nyama, yenye urefu wa zaidi ya sentimita 10, ambayo mwaka 1920 Werner Janensch aliyapa jina la Megalosaurus ingens. Wataalamu wa sasa wanayahusisha meno hayo na mwindaji wa ukoo mwingine. Tendaguru kwa hiyo haikuwa na mwindaji mkubwa mmoja pekee.

Macho, pua na ukuaji

Mwindaji anahitaji kujua mawindo yalipo. Fuvu la Tyrannosaurus lilikuwa pana nyuma na jembamba mbele, hivyo macho yake yalitazama mbele kwa pamoja, kama ya mwewe. Macho ya namna hiyo humwezesha mnyama kupima umbali. Sehemu ya ubongo inayohusika na kunusa ilikuwa kubwa, na nafasi yake huonekana ndani ya fuvu linapopigwa picha za mionzi kama zile za hospitalini. Mikono yake ilikuwa mifupi, takriban mita moja, na mzigo wa kazi ya kuua uliachiwa kichwa.

Umri nao unasomeka. Mfupa ukikatwa na kutazamwa kwa hadubini huonesha duara za ukuaji mwaka hadi mwaka, kama zile za shina la mti. Kwa njia hiyo imefahamika kwamba Tyrannosaurus alikua polepole utotoni, kisha katika miaka ya ujana akaongeza uzito wa takriban kilo mbili kwa siku, na kwamba mmoja wa wakubwa waliopatikana alikufa akiwa na umri wa karibu miaka 28. Mnyama aliyewatisha wengine wote aliishi miaka michache kuliko tembo.

Maelezo yote hayo, kuanzia kasi hadi umri, yametoka kwenye vitu vya aina moja: makovu ya mfupa, duara ndani ya mfupa, uwazi ndani ya fuvu, na alama za meno juu ya mifupa ya wengine. Havionekani kwa haraka, na huharibika kwa urahisi.

Mawe mekundu ya Songwe

Tangu mwaka 2002 watafiti wa Mradi wa Bonde la Ufa la Rukwa, wakiwamo Patrick O'Connor na Nancy Stevens waliokuwa wa Chuo Kikuu cha Ohio nchini Marekani, wamekuwa wakifanya kazi katika mawe haya kwa kushirikiana na wataalamu wa Kitanzania. Matokeo yake yameupatia mkoa huu nafasi ya pekee, kwa kuwa visukuku vya dinosaria wa kipindi hicho ni vichache mno kusini mwa Jangwa la Sahara ikilinganishwa na Amerika Kusini.

Mwaka 2014 alitangazwa Rukwatitan bisepultus, mla majani mkubwa ambaye mifupa yake ilichimbuliwa kwenye ukuta wa mwamba kwa misimu miwili, wachimbaji wa makaa ya mawe wakisaidia kuuvunja mwamba huo. Mwaka 2017 alifuata Shingopana songwensis, ambaye jina lake linaeleweka bila mkalimani: shingo pana, wa Songwe. Mifupa yake ilikuwa na matundu yaliyotobolewa na wadudu muda mfupi baada ya mnyama kufa. Mwaka 2019 alitangazwa Mnyamawamtuka moyowamkia, yaani mnyama wa Mtuka mwenye moyo wa mkia. Mifupa yake ya kwanza ilionekana mwaka 2004 juu ya ukingo wa Mto Mtuka, na pingili za mkia wake zina umbo linalofanana na moyo.

Wote watatu ni wala majani. Kwa upande wa wala nyama, mawe hayohayo yametoa mamba mdogo wa ajabu, Pakasuchus kapilimai, aliyetangazwa mwaka 2010. Alikuwa na meno ya nyuma yanayofanana na ya wanyama wanaonyonyesha, naye akaitwa kwa neno letu la paka. Sehemu ya pili ya jina lake inamuenzi marehemu Saidi Kapilima wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Meno na vipande vya mifupa ya dinosaria wala nyama vimepatikana pia katika mawe ya Galula, vikithibitisha kwamba Rukwatitan na Mnyamawamtuka hawakulisha bila hofu.

Kati ya wanyama hao watatu wenye majina, hata mmoja hangejulikana kama mifupa yake ingetawanywa kabla ya kuchunguzwa. Ndivyo ilivyo pia kwa mwindaji wao. Jino moja humthibitisha kuwa alikuwapo. Fuvu, paja au mkia ndivyo vinavyoweza kueleza ukubwa wake, mng'ato wake na mwendo wake. Mifupa ya aina hiyo huchomozwa na mvua kwenye kingo za mito, na anayeiona kwanza mara nyingi ni mchungaji, mkulima, mwanafunzi au mchimba mchanga, kabla mtafiti hajafika.

Mfupa ukipotea, elimu nayo hupotea

Historia ya ukoo wa mwindaji papa ina fundisho. Mifupa iliyochimbwa Misri na kuelezwa na Ernst Stromer mwaka 1931 kuwa ya Carcharodontosaurus ilihifadhiwa mjini Munich, Ujerumani. Mwezi Aprili mwaka 1944 jumba hilo liliunguzwa kwa mabomu ya vita, na mifupa hiyo ikateketea. Kwa zaidi ya nusu karne sayansi ilibaki na michoro na maandishi tu, hadi fuvu jingine lilipopatikana Morocco katikati ya miaka ya 1990. Yaliyokuwamo kwenye mifupa ya kwanza, ambayo vifaa vya leo vingeweza kuyasoma, hayarudi tena.

Pingili za Tendaguru zina historia tofauti. Zilihifadhiwa, zikaandikiwa namba na mahali zilipotoka, zikasubiri takriban miaka 100 hadi alipopatikana mtu wa kuzielewa. Kisukuku kilichohifadhiwa kinaweza kusubiri, lakini kilichovunjwa hakina cha kusubiri.

Uharibifu huanza kwa nia njema au kwa udadisi. Mtu huokota kipande, hukigonga kwa nyundo aone kilichomo, au hukipeleka nyumbani kama kumbukumbu. Kikishaondolewa mahali pake, hakuna tena anayejua kilikuwa kwenye tabaka lipi la mwamba, karibu na mifupa gani, wala kilielekea upande upi. Maelezo hayo ndiyo yanayotoa umri wa mnyama na mazingira aliyoishi. Mnunuzi wa njiani hulipa fedha kidogo kwa jiwe, na taifa hupoteza ukurasa mzima wa historia yake.

Wajibu wa wananchi

Visukuku vya wanyama wenye uti wa mgongo vinalindwa na Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964, pamoja na marekebisho yake ya mwaka 1979. Kuvichimba, kuviuza au kuvisafirisha nje ya nchi bila kibali ni kosa. Usimamizi wake upo chini ya Wizara ya Maliasili na Utalii, na watafiti kutoka nje hutakiwa kuwa na vibali vya utafiti vinavyotolewa kupitia Tume ya Taifa ya Sayansi na Teknolojia. Mwananchi anayekutana na wageni wanaochimba mawe bondeni ana haki ya kutaka kujua kama viongozi wa eneo hilo wana taarifa zao.

Mwananchi anayeona kitu anachokidhania kuwa mfupa ndani ya mwamba anashauriwa kufuata hatua zifuatazo:

1. Asikichimbue, asikigonge, asikimwagie maji wala asikipake kitu chochote.

2. Aweke alama ya kudumu karibu na mahali hapo, kama rundo la mawe, bila kukigusa kisukuku chenyewe. Akiwa na simu, apige picha akiweka kitu cha kulinganisha ukubwa, kwa mfano kalamu au sarafu.

3. Atoe taarifa kwa Mwenyekiti wa Kijiji au Mtaa, au kwa Mtendaji wa Kata, ili ifikishwe kwa Afisa Utamaduni wa Halmashauri na kwa mamlaka ya mambo ya kale.

4. Kama kazi inayoendelea ni ya ujenzi, kuchimba kisima au kuchota mchanga, asimamishe kazi katika sehemu hiyo tu hadi apate maelekezo.

Kisukuku hutambulika kwa ishara chache. Huwa kizito kama jiwe, lakini upande uliovunjika huonesha vitundu vidogo vidogo kama vya sifongo, au tabaka kama la mfupa wa ng'ombe. Rangi yake mara nyingi hutofautiana na ya mwamba uliokizunguka. Si kila jiwe lenye umbo la mfupa ni kisukuku, na si kila mahali mkoani Songwe pana visukuku: miamba ya nyanda za juu iliyopikwa na joto la ardhi haivihifadhi, ilhali mawe ya mchanga ya bondeni huvihifadhi vizuri. Hata hivyo mkazi wa Chapwa, Vwawa au Mlowo hupita bondeni kwa biashara, kilimo na mifugo, na macho yake ni ulinzi wa kwanza wa urithi huu.

Walimu wa sayansi na jiografia wana nafasi ya pekee. Majina Shingopana na Mnyamawamtuka yanaweza kufundishwa darasani kwa Kiswahili chepesi, na mwanafunzi akaelewa kwamba elimu ya wanyama wa kale haiko Berlin na Chicago peke yake. Ipo Mtuka, Galula na Tendaguru, na inahitaji vijana wa Kitanzania watakaosomea jiolojia na elimu ya visukuku ili kazi ya kuchimba, kusafisha na kueleza mifupa hii ifanywe na wenyeji wake.

Mwindaji aliyemnyemelea Mnyamawamtuka amekwisha kuacha meno yake katika mawe ya Songwe. Nguvu za mataya yake, urefu wa mkia wake na kasi ya miguu yake vitajulikana siku mifupa yake mingine itakapoonekana ikiwa mizima, mahali pake, na kutolewa taarifa kwa wakati.